Kesi ni ya shofere, gari njo inafungwa

Mu Lubumbashi, pita nyuma ya ofisi nyingi za polisi zenye kiwanja, utaona magari yamepangwa kama kwenye soko, lakini hakuna muuzaji na hakuna mnunuzi. Siye tuliosoma kilimo tuko na bahati moja: tunaweza kukisia umri wa kesi bila kufungua dosiye. Majani yakifika kwenye mulango, hiyo ni mvua moja. Ukiona mupapai umeota katikati ya magurudumu na umeshaanza kuzaa, hiyo kesi imepita mwaka, na mwenye gari ameshazoea kutembea kwa miguu ao ameshakata tamaa.

Ninaandika juu ya magari hayo. Sizungumzii yale ba rulage wanazuia siku mbili juu ya taa ao asiransi. Hiyo ni hadithi ingine na iko na sheria yake, ile Kode ya barabara ya tarehe 30 Agosti 1978. Ninazungumzia gari iliyokamatwa ndani ya kesi ya jinai: shofere amegonga mtu, mzigo unasemekana ni wa wizi, mwizi alikimbia nayo, ao gari yenyewe njo inasemekana iliibiwa. Hapo gari inageuka ushahidi, na kuanzia siku hiyo hakuna anayejua itatoka lini.

Nimesoma maandishi manne juu ya jambo hili, matatu ya kwetu na moja ya Bahindi, na ninataka kutoa maoni yangu kama msomaji. Mimi si avoka, mimi ni mtu wa mbolea na mbegu. Lakini sheria iliandikwa kwa ajili ya wote, basi hata mtu wa mbegu anaweza kusema: hapa mumeandika vizuri, hapa mumeacha tundu. Bale benye walisoma droit bataniambia kama nimepotea njia.

Andiko la kwanza ni Kode ya mwenendo wa mashitaka ya jinai, dekre ya tarehe 6 Agosti 1959. Angalia tarehe. Mubeleji alikuwa bado hapa, uhuru ulibakiza karibu miezi 11. Kifungu cha 3 kinampa OPJ ruhusa ya kukamata vitu ambavyo sheria inaweza kuvinyang'anya mwisho wa kesi, na vingine vyote vinavyoweza kusaidia kuonyesha kosa ao kumsafisha mshitakiwa. Vitu hivyo vinaelezwa mu PV, na yule aliyekuwa navyo anatia sahihi, ao inaandikwa kwamba hataki ama hawezi.

Kama maandishi, ni safi. Ni mafupi, yanasoma kama maelezo ya fundi mzuri. Na hilo neno la kumsafisha mshitakiwa ni neno la haki, maana mu kichwa cha bantu wengi polisi inakamata vitu paka kwa kutesa mtu. Lakini ukisoma mara ya pili unaona picha iliyokuwa mu akili ya mwandishi. Alikuwa anawaza kisu, shati yenye damu, barua, pengine baiskeli. Vitu vya kuweka ndani ya kabati, unafunga, unatia funguo mu mufuko. Kanter haiingie mu kabati. Inalala inje, inanyeshewa, batri inakufa, mipira inashuka, panya wanaingia mu nyaya. Kisu kikikaa miaka miwili kinabaki kisu. Gari ikikaa miaka miwili mu kiwanja cha wazi, ile inayorudishwa haiko tena gari ile walikamata.

Na tundu kubwa ni hili: kifungu hicho hakitaji siku. Linganisha na mtu. Katiba yetu ya tarehe 18 Februari 2006, kifungu cha 18, inasema mtu hawezi kuzuiliwa ku polisi kupita saa 48. Saa zikiisha anaachiliwa ao anapelekwa mbele ya mwenye mamlaka ya sheria. Akifungwa kwa muda wakati kesi inaendelea, ile Kode ya 1959 inaanza na siku 15, kisha mwezi, na kila mara lazima hakimu aseme ndiyo. Tunajua wote kama saa 48 zinavunjwa kila siku, sitadanganya hapa. Lakini ile namba iko. Mama wa mtu anaweza kuja ku mulango na kusema: chefu, leo ni siku ya tatu. Mwenye gari atasema nini? Leo ni siku ya ngapi ya nini? Gari haina saa, haina hakimu wa kuiangalia kila mwezi.

Nitoe mfano ninaoujua, na kituo kile nitakiacha bila jina. Mama mmoja, jirani ya kwetu, alikuwa na Kanter moja. Si tajiri, aliinunua pamoja na ndugu zake, pesa ya kuuza mahindi na ya kukopeshana. Shofere wake alikuwa anatoka barabara ya Kasenga mwezi wa Novemba, jioni, akagonga muzee mmoja aliyekuwa anasukuma baiskeli ya makala. Mguu ulivunjika. Shofere alikosa, hakuna wa kumutetea, alikuwa anakimbia na taa moja. Polisi ilikamata shofere na Kanter. Mpaka hapo mimi sina neno.

Familia mbili zikaongea. Mama akalipa hospitali, akapeleka unga na mafuta, muzee akarudi kwake na gongo. Shofere alifunguliwa kwa muda, kesi ikaendelea. Na Kanter? Ikabaki. Shofere mwenye kugonga alitoka mbele ya gari! Kila wakati mama akienda kuuliza, jibu lilikuwa moja: "Mama, dosiye iko ku parke." Akienda ku parke: "Mama, gari iko ku polisi." Miezi mitano akicheza hiyo mupira kati ya ofisi mbili.

Hapa mtu wa kilimo aseme kidogo. Huku kwetu Haut-Katanga mahindi yanapandwa vizuri kati ya katikati ya Novemba na katikati ya Desemba. Ukipita hapo, mvua ya mwezi wa nne inaisha wakati punje bado zinajaa, na unavuna magunzi mazuri ya kuangalia lakini mepesi. NPK lazima ifike shambani mbele ya mbegu ao pamoja nayo, na urea ifuate wakati mahindi yako ku magoti. Mbolea ya mama ilikuwa inangojea mu depo hapa mjini, shamba lilikuwa kilometa nyingi, na ile gari ya kuipeleka ilikuwa ushahidi. Alikodisha kamyo ingine kwa bei ya Desemba, bei ya bantu wenye haraka. Mbolea ilifika nusu, na kisha tarehe ilikuwa imepita. Kwa hiyo siku gari ilitoka, mwezi wa nne, mama alikuwa amepoteza kwanza kazi ya Kanter, pili msimu, na tatu vitu vya Kanter yenyewe: batri, gurudumu la akiba, jeki, mipira miwili mizuri iligeuka mibaya. Alipouliza kuhusu batri, walimuonyesha PV. PV ilisema: kamyo moja ya Kanter, rangi nyeupe. Basi. Kamyo nyeupe walimrudishia kweli.

Sasa andiko la pili, na hili njo linanishangaza zaidi kwa sababu ni la zamani kuliko la kwanza na liko wazi kulipita. Kode penali, dekre ya tarehe 30 Januari 1940, kifungu cha 14, juu ya kunyang'anya vitu. Kinasema kitu kilichotumika kufanya kosa kinaweza kunyang'anywa kama ni mali ya yule aliyehukumiwa. Rudia hayo maneno polepole. Mali ya yule aliyehukumiwa. Kama Kanter ni ya mama, na mama hakushitakiwa, basi kwa kanuni ya kawaida hata shofere akipewa kifungo kirefu namna gani, hakimu hawezi kuchukua Kanter. Sheria maalum ziko na kanuni zao, na ukiingia mu mambo ya misitu ao ya madini utakuta mengine, tusizichanganye. Lakini kwa ajali, kwa wizi wa kawaida, kwa mapigano ya bar, kifungu cha 14 kinafunga mulango.

Unganisha sasa vile vifungu viwili kama fundi wa mabomba. Kifungu cha 3 kinaruhusu kukamata kwa sababu mbili: kwa sababu kitu kitanyang'anywa mwisho, ao kwa sababu kinaonyesha ukweli. Gari ya mtu mwingine haitanyang'anywa. Inabaki sababu ya pili tu, ushahidi. Na gari inashuhudia nini? Pale imegongwa, urefu wa alama za breki, taa inawaka ao haiwake, namba ya shasi, namba ya motere, mzigo uliokuwa ndani. Yote hayo yanapatikana kwa siku moja ao mbili: fundi wa kuangalia, kipimo, picha. Kisha hapo gari imeshasema yote iliyokuwa nayo. Kuizuia miezi mitano ni kama kuzuia shahidi mu cachot baada ya kutoa maneno yake, eti pengine tutamuhitaji tena.

Andiko la tatu ni Katiba hiyohiyo, kifungu cha 34. Mali ya mtu ni takatifu, ndivyo kinavyosema, na hakuna anayeweza kukamatiwa mali yake ila kwa uamuzi wa mamlaka ya sheria yenye uwezo. Ni maneno mazuri, kila kampeni tunayasikia. Lakini mimi kama msomaji nina lawama: Katiba imeweka saa 48 kwa mwili wa mtu, kisha ilipofika ku mali yake ikachukua neno takatifu badala ya namba. Neno takatifu haliingie mu kalenda. Ungeniuliza nichague, ningechukua namba ndogo mbaya mbele ya neno kubwa zuri.

Kwa nini sasa niende mpaka India? Kwa sababu kule walikutana na ugonjwa huuhuu, na Mahakama yao ya Juu iliuandika mu karatasi bila aibu. Ni mwaka 2002, mwezi wa Oktoba, kesi ya Sunderbhai Ambalal Desai na jimbo la Gujarat. Iko jambo la kuchekesha na kuhuzunisha ndani yake: waliofika mbele ya mahakama hawakuwa benye magari. Walikuwa bapolisi, walioshitakiwa kwamba vitu vilivyokamatwa na kuwekwa kituoni vilibadilishwa, vya kweli vikatoka na vya bandia vikaingia, na makuta yakapotea. Yaani swali la nani anachunga vitu vya bantu lilifika kwa majaji likiletwa na wachungaji wenyewe.

Majaji wakakamata kifungu cha 451 cha Kode yao ya 1973, kile kinachomuruhusu hakimu kutoa amri juu ya kitu wakati kesi bado inaendelea, wakasema kitumike mbio. Juu ya magari walikuwa wazi: hakuna faida ya kuyaacha kituoni muda mrefu. Hakimu atoe gari kwa mwenyewe, aandike ahadi na dhamana kwamba ataileta siku ikihitajika. Mbele ya kuitoa, picha zipigwe na maelezo kamili yaandikwe, na picha hizo zitumike mu kesi mahali pa gari. Mwenyewe asipokuja na bima isipokuja, gari iuzwe kwa mnada. Na walisema vitu visikae ku polisi kupita siku 15 ao mwezi mmoja.

Ninaipenda hukumu hiyo kwa kitu kimoja: inaona gari kama gari. Inajua jua, inajua kutu. Haisemi paka haki ya mali, inashuka mpaka kwenye kiwanja. Mtu aliyeiandika aliwahi kuona gari ikioza, ao alisikiliza vizuri mtu aliyeona.

Lakini iko na udhaifu, na bale wanaoitaja kama Biblia wangesoma na hayo. Yale maneno ya siku 15 ao mwezi ni maneno ya hukumu. Hakuna kilichoandikwa kuhusu kitakachompata hakimu ao chefu wa kituo akiyavunja. Matokeo? Mwaka 2010 mahakama ileile ilibidi irudie, safari hii baraza la makampuni ya bima njo walileta malalamiko, kwamba magari bado yanaoza nchi nzima. Dawa ambayo inabidi kuandikwa mara mbili, mara ya kwanza haikumezwa. Paka mwaka 2023 waliweka namba ndani ya sheria yenyewe, mu Kode mpya iliyoanza kutumika tarehe 1 Julai 2024: hakimu anaandika maelezo ya kitu ndani ya siku 14, kinapigwa picha ao video, kisha ndani ya siku 30 anaamuru kiende wapi. Kutoka maneno ya majaji mpaka namba ya sheria, miaka 22. Nami ninasema, hata hiyo namba tungojee tuone.

Januari 2025 walienda mbele kidogo, na hapa njo karibu kabisa na mama wa Kanter. Kamyo moja ya Assam ilikutwa na heroini. Mwenye kamyo hakushitakiwa, na kamyo aliinunua kwa mkopo. Sheria yao ya madawa ya kulevya ni kali, mahakama za chini zilikataa kuitoa. Mahakama ya Juu ikagawa jambo kwa namna nne: madawa yamekutwa kwa mwenye gari mwenyewe, yamekutwa kwa mtu wake, kama shofere, gari iliibiwa na mwizi njo alikuwa nayo, ao yamekutwa kwa abiria bila mwenyewe kujua. Kwa mbili za kwanza gari ingoje, kwa kawaida. Kwa mbili za mwisho itoke na masharti. Hiyo ni akili. Swali halikuwa kosa ni kubwa namna gani, swali lilikuwa gari ni ya nani na alijua nini. Kumbe ni wazo lilelile la kifungu chetu cha 14 cha 1940, tofauti ni kwamba wao walilivuta mpaka likafika wakati wa kukamata, siye tumeliacha likingojea mwisho wa kesi, wakati gari imeshakufa.

Rafiki yangu mmoja anayefanya kazi ya avoka aliniambia: "We, usidharau parke. Ukitoa gari leo, kesho iko Kasumbalesa, kesho kutwa iko Zambia, umeshakosa ushahidi na umeshakosa gari." Iko na haki. Mupaka uko karibu, karibu kilometa 90 tu, na gari nyingi za hapa zilikuja kutoka Japani kupitia Dar es Salaam na usukani kuume, hivyo zikivuka hakuna anayezishangaa. Kwa gari inayosemekana iliibiwa, mimi pia singeitoa mbio kwa mtu wa kwanza anayekuja na makaratasi. Hapo inabidi kungoja, na kungoja huko kuwe mahali penye paa.

Iko na neno la pili, gumu kuliko la kwanza. Yule muzee wa makala. Kama mama angekuwa mtu mbaya, gari ikitoka, muzee angepata wapi makuta ya mguu wake? Kwa bantu wengi huku, gari iliyofungwa njo dhamana pekee ya mtu aliyeumizwa. Familia ya muzee haikutaka Kanter itoke siku ya kwanza, na singewalaumu. Lakini dhamana inayooza si dhamana. Kila mwezi Kanter ikikaa pale, thamani ya kulipa mguu inashuka. Na tena, bima ya gari ni ya lazima mu nchi hii. SONAS ilikuwa peke yake mpaka sheria ya tarehe 17 Machi 2015 ilipofungulia wengine soko. Tunailipa kila mwaka, tunabandika karatasi ku kioo, kisha siku ya ajali hakuna anayeitaja, familia njo zinapatana kwa unga na mafuta. Kama bima ingelipa mguu, hakuna ambaye angehitaji kushikilia gari ya mtu kama rehani. Wenzetu wa India, ile kesi ya 2010, makampuni ya bima njo yalikimbia mahakamani kutafuta gari zitoke. Hapa sijasikia hata moja ikifanya hivyo, na ningefurahi kusahihishwa.

Tusisahau pia kwamba tulishakuwa upande wa mwenye gari, tena nchi nzima. Mwaka 2017 Zambia ilizuia mamia ya kamyo zilizobeba mukula kutoka huku Katanga. Mashofere walingoja muda mrefu kando ya kamyo zao, wakipika chini ya trela. Juu ya mukula wenyewe mimi ni mtu wa udongo na miti, sitautetea ule ukataji: mti ule unachukua miaka mingi kukua, na ulikatwa kama majani. Lakini niliona huku kila mtu, mpaka bakubwa, anauliza: kamyo ilifanya kosa gani? Mashofere walifanya kosa gani? Maswali mazuri sana. Yangeulizwa na humu ndani, mu viwanja vyetu.

Basi iko upande wetu siye benye magari, na hapa nitawaudhi wengine. Wangapi kati yetu karte roze iko kwa jina lao? Unanunua Noah kwa mtu, anakuandikia karatasi ya mauzo, mnapigiana mikono, karte roze inabaki kwa jina la mtu wa tatu ambaye yuko Kolwezi ao ameshahama. Unasema nitabadilisha mwezi ujao. Siku gari ikikamatwa, ile hoja yangu yote ya kifungu cha 14 inaanguka ku swali la kwanza: gari ni ya nani? Hata hakimu mwema kabisa, anayesoma hukumu za India usiku, hatakutolea gari ambayo karatasi inasema ni ya mwingine. Mama wa Kanter alipoteza karibu mwezi mzima kumtafuta tu yule muuzaji aje aseme kwamba kweli aliuza. Parke haikuwa na kosa hapo.

Na amande? Bantu wengi wanadhani gari inatoka kwa kulipa. Iko kweli njia ya sheria, ile OPJ anaweza kupendekeza mtu alipe kiasi fulani ku hazina ya Serikali na kesi iishe, kwa makosa madogo. Lakini hiyo inalipwa na risiti, na inamaliza kesi. Kulipa bila risiti, "kwa ajili ya kuchunga gari", "kwa ajili ya karatasi", haimalizi kitu. Wiki inayofuata chefu mwingine atauliza ya kwake. Mama alilipa namna hiyo mara ngapi, hakutaka kuniambia.

Kama mtu wa Bunge angenipa kalamu dakika tano, ningegusa kifungu cha 3 peke yake. Ningeongeza kwamba gari inapigwa picha pande zote siku ya kukamatwa, mbele ya mwenyewe ao shofere. Kwamba PV inaandika kilometa, batri, mipira, gurudumu la akiba, mzigo. Kwamba mwenye gari ambaye hakushitakiwa anaweza kuomba gari itoke kwa dhamana, na prokirere anajibu kwa maandishi ndani ya siku 15. Akikataa, ataje sababu, na hakimu aiangalie. Siku 15 nimezichukua palepale, mu Kode ya 1959, pale inapozungumzia mtu. Sikutaka kubuni.

Lakini Bunge haikunipa kalamu, na Novemba inakuja. Kwa hiyo kwa bale ambao gari yao iko mu kiwanja leo, ama ya ndugu yao: omba kuona PV ya kukamata na usome kabla shofere hajatia sahihi; kama imeandika kamyo nyeupe tu, sema waongeze, na wakikataa, shofere aandike pembeni kwamba anakataa kutia sahihi kwa sababu vitu havikuhesabiwa, sheria inamruhusu kukataa. Piga picha wewe mwenyewe, na gazeti la siku hiyo mbele ya kioo. Kisha barua kwa prokirere, si kwa OPJ, nakala mbili, moja wakugongee muhuri wa kupokea. Ndani yake weka namba ya dosiye, karte roze ao karatasi ya mauzo, taja kifungu cha 14 cha Kode penali na cha 34 cha Katiba, sema wewe hukushitakiwa, ahidi kuileta gari siku wakiitaka. Na kama mulikuwa na mzigo unaooza, matomati, samaki wa Kasenga, mbegu, uandike siku ileile, barua yake peke yake, usiichanganye na ya gari, sababu gari inaweza kungoja jibu na matomati hayangoje.